Taa Zilizopita Juu ya Munigi

Jumanne usiku

Wakaaji wote wa avenue yetu wajulishwe kwamba mimi, fundi wa saa nisiyeona sindano bila miwani, sasa ni mtaalamu wa vitu vya angani.

Leo tena kinyozi amenisimamisha mbele ya wateja wake. "Papa Furaha, zile taa za juu ya Munigi, waelezee!" Nikaeleza: saba, zinafuatana kwa mstari juu ya kile kijiji, bila sauti. Mmoja akasema ni drone, mwingine malaika.

"Na weye muzee, haukuogopa?"

"Niogope nini? Nilisimama, nikazihesabu."

Mama Furaha alikuwa anapita na mfuko wa makaa. Alinisikia, akacheka kidogo, akaendelea na njia. Mke wangu angeweza kuniaibisha palepale, na hakufanya hivyo. Hilo ndilo linalonisumbua. Labda hanitegemei tena kwa lolote.

Basi niandike ukweli. Jumamosi jioni nilipoona zile taa nilijua si volkano, maana wekundu wa moto wake angani ulikuwa mahali pake pa kila siku. Miguu haikungoja maelezo. Nilinyakua begi la karatasi za kiwanja na diplome za watoto, lile tunaloweka mlangoni tayari kwa kukimbia lava, nikatoka mbio. Taa sikuzihesabu. Nilipofika kwenye kona ndipo nikakumbuka kwamba mke wangu yuko jikoni.

Nilirudi polepole. Alikuwa anasonga bugali. Akaangalia begi, akaniangalia mimi.

"Karatasi zimepona, Papa Furaha?"

"Zimepona."

Akanipakulia.