Kaka, Nguzo na Kamba

Jumatatu, 3 Machi
Kaka kawasimulia tena wanawe hadithi ya pango la vito. Mawe yanawaka ukutani kama taa, mtu anachuma tu! Humo hakuna anayekohoa. Huku kwetu mgodini jiwe linatoka na tope, unaweza kudhani ni kigae cha chupa.

Mwisho wa hadithi, mdogo mtu aliyebaki juu anaikata kamba ya kaka mtu kwa wivu. Kaka akanigeukia mbele ya shemeji: dogo, na wewe usije ukanikatia. Wakacheka. Binti yake hakucheka — aliniangalia mikono.

Jumanne, 4 Machi
Nimeshuka kukagua. Ile nguzo ya mwamba tuliyoiacha ibebe dari ina mshipa wa vito vya kijani. Kaka kauona, anataka kuichimba. Nikamwambia dari litatushukia. Ati magogo mawili yatatosha. Magogo yenyewe yameoza! Akaniita mtoto wa mama. Kwani yeye kazaliwa na nani?

Alhamisi, 6 Machi
Wachimbaji wamekataa kuigusa nguzo. Kaka anasema nimewatia maneno. Nimewatia, ndiyo. Tumetukanana mdomoni mwa shimo mpaka mpishi akafunika sufuria, mate yasiingie. Mwisho nikamwambia: shuka mwenyewe basi, mwana wa mfalme.

Ijumaa, 7 Machi
Kashuka. Kamba kiunoni, nyundo mkononi, kofia kaiacha. Kabla ya kuzama akapaza sauti watu wote wasikie: nikifa, mnamjua aliyeshika kamba! Nyoka mkubwa. Amenifunga kabla sijafanya lolote.

Niko kwenye winchi ya kupandishia kamba, naandika gotini. Kanuni yetu ya siku zote: akivuta mara moja, nilegeze, mara mbili, nimpandishe. Namsikia akigonga. Si ukuta, ni nguzo — mlio wake mzito. Tangu asubuhi namwombea mabaya. Sifichi.

Ametulia.

Mngurumo. Kisha vumbi, linapanda taratibu kutoka shimoni. Wenzangu wamesimama. Hawaangalii shimo, wananiangalia mikono. Mkono mmoja uko kwenye mpini. Huu mwingine unaandika.

Kamba imevutwa! Mara moja.

Mara moja ni kulegeza. Au ni nusu ya mara mbili, na nguvu zimemwishia. Nikipandisha naye kabanwa, nitamkata kiuno. Nikilegeza, hadithi yake imetimia.

Vuta tena, mpumbavu wewe. Vuta, kaka —