Nimejitukana Mezani kwa Mama Mwenye Nyumba

Mshauri mpendwa, nisaidie, nimejiharibia mwenyewe. Mimi ni fundi wa kujalidi vitabu hapa Leipzig, wazazi walinibatiza jina la kike na kunisuka nywele, lakini tangu nina miaka kumi na tisa naishi kama mwanamume, maana ndivyo nilivyo, kazini naitwa Reinhold na hakuna anayejua zaidi, na mwezi Machi niliyaandika hayo yote katika jarida lenu la watu kama mimi, kwa jina la kubuni, hata jinsi nilivyozikata zile nywele kwa mkasi wa kukatia manyoya ya kondoo, basi Jumapili, wakati wa chakula cha mchana, Bi Ottilie, mjane ninayepanga kwake mwaka wa nne sasa na anayenifulia nguo, akalitoa jarida mbele ya wapangaji wote akaisoma makala yangu kwa sauti mpaka machozi yakamtoka. "Maskini mtoto wa watu! Ningejua anakaa wapi ningempelekea supu." Kisha akanigeukia: "Na wewe Reinhold, unasemaje?" Hofu ikanishika, nikasema, "Huyo mwongo tu, anatafuta kuonewa huruma." Akasema, "Kumbe huna moyo wewe!" Tangu hapo hata salamu hanipi. Nihame?

Fundi, Leipzig (majina tumeyabadilisha)

JIBU

Uhame, halafu mashati akufulie nani? Bwana wewe, umemtukana mwandishi aliyeletewa barua nyingi kuliko wote mwaka huu, na ruhusa hukutuomba!

Pole. Mtu aliyejificha miaka mingi hushikwa na woga haraka, hilo nalielewa. Lakini hebu fikiri. Jarida letu haliuzwi kwa muuza kabichi. Wauzaji hulificha chini ya meza, mteja sharti aliombe kwa jina. Mjane mzima ameliomba, ameusoma ukurasa huo mmoja, na kati ya wapangaji wote akakuuliza wewe. Miaka minne anakufulia nguo, unadhani hajaona kitu? Naweza kukosea, ila naona alikufungulia mlango ukambamizia usoni. Kukuuliza mbele ya watu alikosea, na hilo umwambie siku nyingine.

Acha kutafuta chumba. Jumapili asubuhi, wapangaji wenzako wakienda kanisani, ingia jikoni, chukua kisu, umenye naye viazi. Usimsimulie maisha yako, ameshayasoma. Mwambie, "Aliyeandika ni mimi, na yale niliyosema mezani yalikuwa woga." Akianza kukugombeza usijitetee, endelea kumenya.