Kaka, mashini yako haikukula mwezi

Kaka yangu wa tumbo moja, wewe mwenye uko Buleusa,

Usishangae kusikia mutu wa radio anasoma mambo ya nyumba yetu. Ni mimi nilimuomba. Telefone yako haipitake, na ninataka kila mutu aisikie hii barua, kuanzia hapa Karuba mupaka ndani ya pori ya Walikale. Shule nilifika tu ya tatu primere, njo maana ninaandika vile ninasemaka. Na vile ninasemaka, unajua, haiishake.

Batu ba hapa banataka kuvunja mashini yako. Mimi nimekatala. Ngoja nikuelezee yote, hata ile fasi ya mambo yenye inanipatisha haya.

Unakumbuka vile uliitengeneza? Ulitoka kwa machimbo ya Bisie, kampuni ilikuwa haiyaingia kule, na mufuko ya mawe nyeusi. Sisi wote tulifikiri utaiuzisha. Wewe ukaitia ndani ya pipa ya maji nyuma ya jiko, ukazungusha waya ya shaba, ukapachika sumaku za bafle za radio za kuharibika, ukaweka sahani ya bati ielee juu. Mama akauliza kama unapika pombe ya kasiksi. Ukamujibu polepole, vile ulikuwaka unamujibu: "Mama, mwezi inavuta maji. Kule kwenye bahari inapanda, inashuka. Hapa kwetu kwenye milima maji inasikia ileile, na udongo, na damu yako. Mashini inakamata tu ile pumuzi."

Tulikucheka. Mimi njo nilikucheka zaidi.

Kisha siku moja tuko tunapukusa maharagi, sahani ikaanza kuimba. Haikuwa na nguvu, ilikuwa kama mama mwenye anaimbia mutoto kwa mugongo. Ampuli, ile taa ndogo ulifunga kwa waya, ikawaka. Mama akatia mukono kwa pipa, machozi ikamutoka. Akasema anasikia kama mutu anamuvuta kwa kifua, mutu mwenye anamupenda. Mupaka Mungu alimuchukua, alikuwaka anaweka miguu yake ya maumivu pale, na maumivu inatulia. Ile nguvu ni ya nini, sijue. Wewe pia ulisema haujue yote, na nilipenda vile ulisema.

Na batu? Bote balikuja kuchaji telefone bure. Kiwanja yetu ilikuwa kama soko.

Sasa fasi ya haya. Hapa kwetu tunapandaka maharagi kwa kuangalia mwezi. Mwezi ikikufa, hakuna mwenye anagusa mbegu mupaka ingine ionekane. Na mashini yako, kaka, ilikuwa inaimba zaidi kwa zile siku hakuna mwezi. Saa sita ya muchana, jua kali, juu hakuna kitu, na pipa inalia kuliko siku zote. Ulinielezea: mwezi haikufe, inatembea pamoja na jua, yote mbili inavuta upande moja, njo nguvu inakuwa mingi. Nilisikia vizuri. Kichwa niko nayo.

Lakini kesho yake, kwa kisima, bamama bakaniuliza juu ya nini mashini inalia vile. Ile maelezo yako ilikuwa ndefu, na mimi ninapenda batu bacheke. Nikasema: "Imekula mwezi. Tumbo imejaa, njo inalia." Balicheka mupaka Mama Zawadi, jirani yetu, akaangusha bidon yake ya maji.

Ile juma mvua ikaozesha maharagi ya kilima yote. Na ile neno yangu ya kuchekesha, batu bakaigeuza kesi: mwezi ililiwa, njo maana mbegu imeoza. Bakaacha kupita kwetu. Mutu akatupa jiwe kwa mabati. Ukaniuliza: "Dada, nani alisema ile neno?" Nikakuangalia kwa macho, nikakujibu sijue. Asubui ukabeba mufuko, ukaenda kwa bakwe yako Buleusa. Hata chai haukukunywa.

Sasa hii mwaka mvua imeharibu tena. Shefu wa lokalite, mukubwa wa kijiji, akatangaza kama salongo, ile kazi ya batu bote ya siku ya posho, Jumamosi, haitakuwa ya kutengeneza barabara, itakuwa ya kuvunja mashini. Nikafunika pipa na ubao, nikaikalia juu na beseni ya maharagi kwa magoti. Bakakuja na majembe, na nyundo, batu kama makumi mbili. Shefu akasema: "Mama, shuka." Nikamuuliza ile telefone ndani ya mufuko yake, nani alikuwaka anamuchajia. Batu bakacheka. Yeye hapana.

Kisha nikasema kwa nguvu, ili hata benye bako nyuma basikie: "Mwezi haikukuliwa. Ni mimi nilisema vile kwa kisima, juu ya kuwachekesha. Kaka yangu alinielezea kweli, nikaificha. Kama munatafuta mulozi, ni mimi huyu. Niko hapa, ninapukusa maharagi."

Mama Zawadi akaniangalia, akasema: "Kumbe ulituacha tumufukuze mutoto wa watu bure?" Nikamujibu ndiyo. Alinitukana, kaka. Alinitukana vizuri, na nikaipokea yote, ilikuwa haki yangu. Akimaliza, akaweka jembe kwa bega, akarudi kwake, na bamama bengine nyuma yake. Shefu akabakia na babwana nne na nyundo moja. Akasema atarudi posho yenye inakuja na karatasi yenye kupigwa tampo, muhuri ya serikali. Akuje nayo. Mimi kusoma ni shida, ataisoma mupaka achoke.

Sikuombe unisamehe hapa kwa radio, batu basiseme ninajipendekeza. Ile tutasema sisi wawili, kwa chumba, ukitaka. Ninakuambia tu: maji ninabadilisha, mawe yako iko yote. Waya moja imekatika karibu na sumaku, na mimi nikiigusa nitaharibu. Ampuli inawaka nusu. Lakini inawaka.

Ukitaka kurudi, barabara iko. Ukikatala, nitaelewa, nitaendelea kukalia pipa yako peke yangu. Na kama siku moja unasikia kule kama balivunja mashini, ujue kwanza balinitoa juu yake kwa nguvu, na kunitoa haikukuwa rahisi kwabo.

Unisalimie bashemeji.

Ni mimi dada yako mudogo, mwenye alikujibu "sijue."