Faili Lako Sikulitilia Saini

Mpenzi Khalfani, mume mwenzangu,

Bibi yako hataki nikwandikie. "Utaandika upuuzi," kasema. Basi upuuzi ndio huu.

Tangu ulipoanza kusema ulikuwa ukimwita bibi mke wako, na mimi ukaniita mpangaji. Idi moja ukanifichia meno yangu ya bandia ndani ya birika la kahawa, nikapokea wageni kinywa kitupu. Nilikutukana mbele yao. Ukanambia, "Babu, hebu cheka tuone." Nikacheka, shetani mdogo we.

Mpaka leo una miaka kumi. Sisi tumeongeza kumi na miwili bila yako. Alasiri ile bibi alikutuma mkate wa boflo dukani, hapa hapa Azaiba, Maskati, na asubuhi yake wakakuokota mtaa wa Ghala, nyuma ya magereji, umeuliwa. Nani kakuua, hatujui. Baba yako kila mwezi akivaa kanzu safi akenda polisi kuuliza. Akirudi, huivua akaitundika.

Mwezi uliopita wakatwita. Afisa kijana, adabu tele, Kiswahili cha mama yake wa Unguja.

"Babu, tunataka saini ya familia tu. Tulifunge faili, na nyinyi mpumzike."

Baba yako akashika kalamu. Amechoka, usimlaumu. Nikamnyang'anya.

"Mimi sijui kusoma," nikasema. "Sitii saini kitu nisichokijua. Nisomee."

"Lote, babu?"

"Lote. Na taratibu, nna sikio moja."

Uwongo mtupu. Nimesoma mpaka darasa la nne, na masikio yangu yanasikia hata wanaonisengenya chumba cha pili. Kasoma siku tatu, maskini, sauti ikamkauka. Siku ya tatu akafika pahala: mwenye duka amesafiri kwao, atahojiwa akirudi. Akafunua ukurasa.

"Rudi nyuma," nikamwambia. "Aliporudi alisema nini?"

Akapekua. Akapekua tena. Hamna.

Khalfani, mtu huyo alirudi baada ya miezi miwili. Boflo nanunua kwake kila siku ya Mungu. Sisi tukidhani wameshamuuliza, yeye akidhani ataitwa.

Tukatoka afisini moja kwa moja mpaka dukani. Kwa Kiarabu chake cha kuungaunga akasema: ulinunua boflo moja na juisi mbili, ukatoka unacheka, na mtu mzima alikuwa akikungoja ndani ya gari nyeupe. "Nilingoja mniulize," kasema, machozi yanamtoka. Nilinyanyua mkongojo nimpige. Kisha sikujua nianze na yeye au nianze na mimi, niliyesimama mbele yake miaka yote hiyo nikichagua mkate.

Jana wameandika maneno yake. Faili li wazi. Baba yako anasema nisitarajie makubwa, gari nyeupe Maskati zimejaa. Nimemwambia mimi sitarajii, nasumbua. Kila Jumapili, wiki ya kazi ya huku ikianza, wakifungua afisi watanikuta mlangoni, na yule kijana ameshanitengea kiti.

Mtu uliyemnunulia juisi ulikuwa ukimjua. Pengine alikuja matangani, akala wali wetu, akanishika mkono akanipa pole. Kama yu hai, nataka khabari hii imfike: yule mzee wa Azaiba hajafa, hana haya, wala hana kazi nyengine.

Lala wewe.

Babu yako