Kibuyu chenye Midomo Miwili

Mume wangu, Baba Nyemo,

Salamu utazipata mwishoni, ukizistahili. Kwanza nikuseme.

Herufi hizi nilifundishwa na mwalimu wa misheni nilipokuwa nampelekea maziwa. Wewe ulicheka: "Mama Nyemo, utamwandikia nani?" Haya, nakuandikia wewe. Na barua naiacha wazi, wasomewe wote waliokicheka kibuyu chako.

Unakumbuka siku ulipokitengeneza? Wajenzi wa reli walikuwa wameacha kipande cha waya wa simu, na wanawake wote tuliutaka kwa bangili. Wewe ukauzungushia kibuyu ulichokitoboa pande mbili, ndani ukatia jiwe la mvua la marehemu mama yako. Mdomo mmoja ukauelekeza mlangoni, kwetu wazima. Wa pili ukauelekeza ukutani, kwao waliotangulia. Nikasema, "Mkono wangu mtupu, kibuyu kimevaa bangili!"

Ukajibu, "Mdachi anapitisha maneno kwenye waya mpaka pwani. Mimi nishindwe kupitisha nguvu mpaka kwa mama?"

Na zikapita. Jiwe lilipata joto kama kifaranga kiganjani. Ukalishika, ukamgusa yule ng'ombe mwekundu aliyekuwa amelala siku tatu, akainuka kudai majani. Siku hiyo nilikula ugali wa uwele kimya, na wewe unajua mimi kunyamaza ni kazi gani.

Kisha vita. Wadachi wakakuchukua kubeba mizigo ya askari wao kwenda Kondoa, mzee mzima, magoti yamechoka kama yangu. Mlangoni uliniambia, "Nikifia huko nitakutumia nguvu. Wewe shika jiwe tu."

Aliyerudi kutoka huko alinieleza: ulikaa chini njiani, mzigo ukiwa bado kichwani, hukuinuka tena.

Nikashika jiwe. Baridi. Nikalishika kila asubuhi kabla ya kukamua na kila jioni baada ya kukamua, msimu mzima wa mvua. Baridi. Nyemo yuko kwa mumewe na wajukuu wako wote. Humu ndani ya tembe ni mimi na mbuzi, na mbuzi hajibu. Basi nikakutukana. Nilisema umepata mwingine huko, mwenye meno yote.

Juzi akaja mjumbe wa jumbe. "Bibi, tumesikia una waya wa simu. Wadachi wanautaka wote."

"Masikio yako makubwa, mwanangu. Yapake samli yasikauke."

"Keshokutwa narudi, bibi. Usinitie matatani."

Akaenda. Mimi sitoi kitu kichafu nyumbani kwangu, hata kwa Mdachi. Nikakishusha kibuyu niusafishe waya kabla ya kuufungua. Nikakuta samli imeganda juu yake, nene kama ukoko wa sufuria. Samli yangu mwenyewe! Mama alinifunza kuwa kibuyu cha mume aliye safarini hupakwa samli kila mwezi unapoandama, kisipasuke, watu wasije kusema mke amemsahau. Nikapaka. Nje, ndani, waya, hata jiwe. Nilikuwa najisifu nacho.

Nikausugua waya kwa majivu, na jiwe pia. Hapo jiwe likapata joto, joto la miezi yote kwa mpigo. Magoti yakaacha kuuma. Nikasimama bila kushika ukuta.

Kumbe ulikuwa unatuma kila siku, na mimi nimekuzibia mlango huku nakutukana. Nisamehe. Neno hilo silirudii, kwa hiyo lisome vizuri.

Lakini na wewe mjinga. Umekufa kwa uchovu, halafu hicho kidogo kilichobaki unanipa mimi ninayelala kitandani kwangu? Nani alikutuma?

Leo asubuhi nimenawa mikono kwa majivu, nikaikausha juani mpaka ikapauka. Nikalishika jiwe, nikalisogeza kwenye mdomo wa ukutani. Nimekurudishia nguvu zako zote. Jiwe limepoa. Magoti yameanza kuuma tena, ndiyo nimejua umepokea.

Vumbi la mjumbe naliona njiani. Waya nimeukunja, unang'aa. Hatutasikiana tena kwa njia hiyo, mimi na wewe.

Sasa tua mzigo, Baba Nyemo. Pumzika. Na salamu zako hizi hapa, umezistahili.

Mkeo,
Mama Nyemo