Namba Nane na Fyekeo

Jumatatu, 3 Juni

Nimefyeka nusu ya kiwanja, upande wa lango la kaskazini. Nusu nyingine kesho. Malengelenge mikono yote miwili. Sikujua kumbe nina mikono laini kama ya karani.

Kwenye karatasi za Shamba la mkonge mimi ni mtunza kiwanja. Miaka yote hiyo nilikuwa nikisaini mshahara huku nacheka. Kipa wetu ni fundi bomba ambaye hajui bomba linafunguliwa upande gani. Beki wa kulia ni mlinzi, analinda kitanda chake. Ndivyo zilivyo timu za mashirika: unapewa kazi ya jina na kota ya vyumba viwili, na wewe mwenyewe unajua kazi yako ni mpira. Yangu ilikuwa kiungo, jezi namba nane. Nilipovuliwa namba nane, Meneja akaikumbuka karatasi. Akaagiza nipewe fyekeo.

Babu aliletwa hapa Kilosa kwa manamba, kibarua wa mkataba, kutoka Songea. Akakata mkonge mpaka akafa. Baba akakata mkonge. Mimi ndiye wa kwanza ukoo mzima kutokata kitu chochote. Sasa nakata majani.

Alhamisi, 6 Juni

Mazoezi jioni. Wenzangu ndani na mpira. Mimi pembeni na fyekeo.

Yule Mjapani aliyepewa namba nane yangu alikuja na baiskeli yake kutoka sekondari ya mjini, anakofundisha hesabu. Takeo. Kwao alikuwa mchezaji wa kulipwa, kiungo, kwenye viwanja vya taa na majani kama zulia. Kocha Sefu alipolisikia hilo mwezi wa tatu nusura alie kwa furaha. Hakujiuliza mtu wa namna hiyo anatafuta nini Kilosa. Mimi niliuliza. Nikaambiwa nina wivu. Kweli ninao.

Akifika kwenye mstari anasimama. Miguu pamoja, mikono mapajani, anainama mpaka kiunoni. Hasemi neno. Ndipo anaingia. Akitoka, hivyo hivyo. Bwana Mdoe wa stoo, ambaye ndiye kamati yetu ya ufundi, yeye na mayai yake viza na vichupa vyake, anasema ile ni dawa nzito ya kwao, haijawahi kuonekana mkoa huu. Tangu Mjapani aanze kuinama hatujafungwa. Basi hata acheze ovyo, hatolewi.

Leo aliinama mimi nikiwa palepale mbele yake, jasho linanitoka, fyekeo mkononi. Nikajiona nalogwa mchana kweupe. Nikampa mgongo.

Jumapili, 9 Juni

Tumewafunga wakata miwa wa Ruhembe, moja bila. Nilikaa benchi mwanzo mwisho.

Takeo alipoteza mpira kila alipogeukia kushoto. Lile goti la kulia limekwisha. Mimi naliona kwa sababu nilisimama pale pale miaka tisa, najua mtu anageukaje. Wengine wanaona kuinama tu. Hata Ruhembe. Kipa wao alikataa katakata kukaa lango la upande alioinamia Mjapani, mpaka refa alipomtishia kadi. Na bao likaingia lango hilohilo. Mdoe alitembea jioni nzima kifua mbele, utadhani kafunga yeye.

Mwanaidi hakuja. Zamani mke wangu alikaa mbele kabisa, kanga mpya, akipigiwa makofi kwa ajili yangu. Anasema hawezi kupoteza Jumapili kumtazama mtu amekaa.

Jumanne, 11 Juni

Mvua imechelewa kukata mwaka huu. Majani yanaota kwa dharau.

Ijumaa, 14 Juni

Nilikuwa nachora mistari kwa majivu. Takeo akawahi kabla ya wengine. Akaniamkia: shikamoo, kaka Rajabu. Nimemzidi kama miaka saba, kwa hiyo shikamoo ni haki yangu.

Sikuitikia.

Nimeliandika nione linasomekaje. Linasomeka vibaya. Sijapata kumnyima mtu marahaba, hata mlevi wa njiani, hata mtu niliyegombana naye. Mama angekuwa hai angenizaba kofi mbele za watu. Mjapani akadhani sikusikia. Akarudia. Nikaendelea kumwaga majivu.

Basi akaokota fyekeo nililolilaza chini, akaanza kufyeka kwenye kona nilikokuwa sijafika. Nikamnyang'anya. Nikamwambia namba yangu umechukua, hili niachie. Akainama, akaenda kuvaa viatu.

Sijutii. Namchukia, na kinachonikera zaidi ni kwamba hana kosa.

Jumatano, 19 Juni

Meneja ametukusanya wote ghalani. Shamba linauzwa. Maneno ni yaleyale ya redioni: kubinafsisha, ufanisi, mwekezaji. Wenye kazi za jina tu wataondoka, na kota watarudisha. Akatutazama wachezaji mmoja mmoja.

Halafu akatuonjesha sukari. Eti mwekezaji anapenda mpira. Mtu wake yupo Mikumi, amefikia hoteli ya mbugani, na Jumamosi atakuja kutazama mechi yetu na timu ya pale. Akiridhika, timu itabaki, na walio kwenye timu watabaki. Kocha akauliza nani anahesabika yupo kwenye timu. Meneja akasema wanaocheza. Habari ya benchi hakuigusa.

Nyumbani Mwanaidi kaanza tena habari za Chanzuru. Shamba la mama yake lipo, mahindi yanakubali, ufuta una soko. Anasema tuondoke wenyewe kabla ya kutolewa vyombo nje. Nikasukuma sahani. Yeye akaisogeza tena mbele yangu, taratibu.

"Kula. Ukishiba ndiyo ukasirike."

Nilikula. Nilikasirika pia.

Ijumaa, 21 Juni

Kikosi kimesomwa. Takeo namba nane. Mimi kumi na nne. Nimepaka viatu mafuta hata hivyo.

Jumapili, 23 Juni

Nimelala mpaka adhuhuri. Sasa niandike ya jana.

Tulikwenda na lori la Shamba, juu ya marobota ya singa za mkonge, vumbi mpaka kwenye meno. Kiwanja cha Mikumi kiko karibu na barabara kuu. Malori ya Zambia yanapita yakipiga honi, na nyani wanakaa nyuma ya goli wakisubiri maganda ya machungwa. Mtu wa mwekezaji alikuwepo kweli. Kofia nyeupe, kiti cha baa, soda mkononi. Wachezaji wote walimsalimia kwa macho. Mimi pia.

Habari za kuinama zilikwisha fika Mikumi. Wazee wa kamati yao walijipanga kwenye mstari, bega kwa bega, Mjapani asipate pa kuinamia. Akawatazama, akawapa shikamoo wote. Wakaitikia wote, maana wangefanyaje? Halafu akazunguka kiwanja kizima kwa miguu, peke yake, watu wakimzomea, mpaka kona ya mbali karibu na choo. Akainama huko. Mashabiki wetu walipiga kelele kama tumeshafunga.

Hatukufunga. Tulifungwa sisi, mapema. Takeo alikuwa anachechemea kabla ya mapumziko. Nikamwambia Kocha, goti lile halimalizi mechi, niingize. Mdoe akaingilia: anayemtoa Mjapani anatoa dawa, na yeye Mdoe hatakuwepo kwenye lawama hizo. Kocha Sefu ni mtu mzima, ana cheti cha ukocha ukutani kwake. Akanitazama, akamtazama Mdoe. Akaniambia nikae.

Kipindi cha pili, hakuna aliyemgusa. Aligeuka kushoto, akaanguka. Aliuma jezi asipige kelele. Mimi nilikuwa nimeshasimama.

Niseme ukweli, nilifurahi. Kwa muda wa kutoka benchi mpaka mstarini nilikuwa na furaha tupu, kama mtoto. Nikapishana naye amebebwa. Sikumtazama usoni.

Nikacheza. Sijawahi kucheza vile. Mpira ulikuwa unanifuata wenyewe, nikampenyezea winga pasi kati ya watu watatu, tukasawazisha, na nikabaki na Mikumi nzima mfukoni mpaka filimbi. Moja moja ugenini. Nikageuka kutafuta ile kofia nyeupe.

Kiti kitupu. Mhudumu wa baa alikuwa anakibeba kurudisha. Nilimuuliza. Bwana mkubwa aliondoka wakati wa mapumziko, alitaka kuwahi tembo kabla jua halijashuka.

Tairi lilipasuka tulipofika kijiji cha Ulaya. Wenzangu wakapata cha kusemea: Takeo, mchezaji wa kulipwa wa kwanza Kilosa kufika Ulaya. Alicheka nao. Alikuwa amekaa chini, mguu juu ya begi langu, goti limevimba kama kibuyu. Wakaenda kupiga jeki. Tukabaki wawili.

Nikamuuliza. Nilimuuliza kwa ubaya: wewe ukiinama unamwomba nani?

Akashangaa. Haombi mtu. Kwao watoto wanafundishwa tangu shule ya msingi, ukiingia kiwanjani na ukitoka, unamshukuru aliyekitengeneza. Aliyefyeka. Aliyechora mistari. Nikamuuliza, na dawa? Dawa gani, akasema. Nusu ya mkoa inamwogopa na yeye hana habari.

Akanieleza mengine bila kuulizwa. Alisajiliwa akiwa kijana mdogo. Wa akiba muda mrefu, kama mimi sasa. Halafu akapata namba, msimu mmoja mzuri, watu wakaanza kulijua jina. Halafu goti. Wakalipasua, wakalipasua tena. Siku moja wakamwita ofisini, wakampa chai, wakamshukuru. Ndiyo ikawa mwisho. Alitaka kwenda kiwanjani kuinama mara ya mwisho, akaambiwa majani yamepumzishwa, hakuna ruhusa kukanyaga. Akaondoka hivyo. Ndiyo maana yupo huku. Huku hakuna mtu aliyemwambia amekwisha, nami nilikuwa nikitamani kumwambia kila siku.

"Yule mzee wa majani kwetu, jina lake sikulijua," alisema. "Hapa ninalijua."

Nilitaka kusema jambo juu ya ile shikamoo. Tairi likawa tayari, wakatuita.

Jumatatu, 24 Juni

Nimefyeka tangu alfajiri. Hakuna mazoezi, hakuna aliyeniagiza. Nimefyeka vizuri.

Ijumaa, 5 Julai

Timu imevunjwa. Wachezaji wote nje ya kota mwisho wa mwezi. Kocha Sefu naye. Mwekezaji mwenyewe, kumbe, hajui hata mpira una watu wangapi.

Wote isipokuwa mimi. Meneja aliniita pembeni. Kazi za jina zimefutwa, akasema, ila mtunza kiwanja ameonekana kila siku na fyekeo, hata wageni wamemwona. Na anajua kiwanja kile kinatuama maji wapi. Mtu wa namna hiyo anahitajika. Nikadhani kiwanja kinabaki.

Kitakuwa kitalu cha miche ya mkonge. Nitapanda mimi.

Nilikubali. Nilikubali upesi, hata aibu sikuona mpaka nilipofika nje na kumkuta kipa amefunga godoro lake kwa kamba. Tumecheza pamoja miaka tisa. Alinipita kama mti. Mwanaidi aliniuliza jambo moja tu, kama nitaweza. Nikasema kota tumepata. Akasema hakuniuliza kota.

Jumanne, 16 Julai

Tumeng'oa magoli, mimi na Mdoe. Yeye kabaki, stoo si kazi ya jina. Chini ya mlingoti wa kusini tukafukua mayai yake viza, ya misimu yote, na kichupa kilichozibwa kwa nta. Aliniomba nisimwambie mtu. Nikamuuliza nimwambie nani, hakuna mtu.

Tulibeba milingoti mpaka karakana. Myepesi kuliko nilivyodhani.

Alhamisi, 25 Julai

Trekta imeshalima. Nimefunga kamba kutoka palipokuwa na kibendera cha kona, mshazari kufuata maji yanakoelekea, nikaanza kupanda. Mstari wa kwanza wa miche umepita katikati ya duara. Sikupanga iwe hivyo, ndiko kamba ilikopita.

Jioni alikuja Takeo, kwa miguu, na fimbo. Nimesikia mjini kwamba kesho anapanda treni. Anarudi kwao wakalitazame goti. Hakuniita. Mistari ya majivu haipo tena, yote ni udongo uliopinduliwa, lakini alikwenda kusimama palepale alipokuwa akisimama. Aliweka fimbo chini. Akaleta miguu pamoja, ule mbovu ukamchelewesha. Mikono mapajani. Akainama, akakaa hivyo kwa kitambo.

Hapakuwa na mpira wala timu. Palikuwa na mimi tu, na miche.

Nikaweka jembe chini, nikafuta mikono kwenye suruali.

"Marahaba," nilisema.

Alikuwa mbali, sidhani kama alisikia. Akaokota fimbo yake, akashika njia ya mjini. Nilimaliza mstari wa tatu kabla ya giza. Iliyobaki kesho.