Goti la Binti wa Heulwen

Anti Nest mpendwa,

Nasoma ushauri wako gazetini kila wiki, sasa nisaidie na mimi kabla sijaharibu kitu ambacho sitaweza kukitengeneza tena, nakuandikia nikiwa ndani ya gari nje ya ukumbi wa mazoezi hapa Cardiff, wachezaji wananisubiri na mimi sitaki kushuka.

Mimi ni kocha wa timu ya taifa ya badminton ya wanawake, na kabla ya hapo niliichezea Wales miaka mingi pamoja na Heulwen, rafiki yangu tangu utoto, tulijifunza wote kule bondeni kwetu kwenye ukumbi wa kanisa wenye dari fupi, ukipiga kinyoya juu kinagonga boriti na pointi imekwenda, ndiyo maana hata tulipokuwa wakubwa tulicheza chini chini kwa kasi na watu wakituona tu wanajua tumetokea wapi. Niliacha kucheza kano ya kisigino ilipokatika, kocha wa wakati ule alijua inauma akaniambia nifunge bandeji niingie, nikaingia, na Heulwen ndiye aliyenibeba kunitoa uwanjani, ndiye pia aliyenisukuma nisomee ukocha wakati nashinda kitandani nikilia.

Sasa Heulwen ana binti, Tesni, nimemfundisha mimi tangu raketi inamshinda kubeba, ananiita Anti, na mwaka juzi akahamia timu ya England, baba yake Mwingereza kwa hiyo anaruhusiwa, akanipigia akasema, "Anti, usinikasirikie, huku kila siku napata watu wa kunitoa jasho, huko nyumbani nacheza na walewale," nikamwambia nenda mwanangu, lakini Anti Nest, nilipokata simu nililipiga teke kabati la jikoni mlango ukang'oka.

Jumamosi ya wiki ijayo tunacheza na England, hapahapa nyumbani, Tesni amepangwa na msichana wangu Mali, na safari hii tunaweza kuwafunga, kitu ambacho tangu nianze kushika raketi sijakiona. Jumapili Heulwen akaja kwangu, tukakaa jikoni, hata mkate wa zabibu hakuugusa, akaanza kulia, akasema, "Goti la kulia la Tesni limekwisha. Anameza vidonge vya maumivu ndiyo anaingia uwanjani. Kocha wake hajui, na Tesni kaniapisha nisimwambie mtu. Angekuwa wako ungefanyaje?" Nikamwambia, "Tulia wewe, vijana wanapona haraka," nikamwongeza chai.

Jana mazoezini nikajikuta namwambia Mali apige vifupi tu, vya kudondokea karibu na wavu, maana kuvifuata ni lazima mtu ajitupe mbele kwa mguu wa kulia, na goti ndilo linalobeba mwili wote. Mali akaniuliza, "Mbona vifupi tu, Kocha? Si ndivyo Tesni anavyovipenda?" Nikamjibu, "Piga, usinihoji." Gethin, msaidizi wangu, akaacha kuokota vinyoya akanitazama. Tena kwenye mapumziko huwa nawaelekeza wachezaji kwa Kiwelshi ili Waingereza watoke kapa, ila safari hii Tesni atakuwa ng'ambo ya wavu anaelewa kila neno, atasikia Anti yake akisema mvunje. Nikinyamaza nawasaliti wasichana wangu, nikiwaambia habari ya goti namuuza Heulwen. Nifanyeje?

Kocha, Cardiff

*

Kocha,

Pole, na natumaini ulishashuka kwenye hilo gari. Nakujibu kwa posta kwanza, siyo gazetini, maana Wales hii tunajuana mno. Hata nikikuita Bi Fulani, watu watakutambua kabla hawajafungua ukurasa wa pili.

Unaniuliza useme au unyamaze, kama vile bado hujachagua. Mwenzangu, umeshasema! Umesema pale mazoezini, kwa raketi ya Mali. Na usiniletee habari za taifa. Ungekaa ukamtazama Tesni kwenye video mpaka macho yakuume, ukaona mwenyewe wapi anachechemea, ningekupigia makofi, hiyo ndiyo kazi yako. Hili hukuliona. Uliambiwa na mama analia jikoni kwako. Na lile kabati lilikukosea nini? Una hasira na mtoto kwa sababu amevaa jezi nyeupe ya England. Nakuelewa, wajukuu zangu wamezaliwa Bristol, huko England, na siku ya raga wananizomea sebuleni kwangu mwenyewe. Lakini mimi siwavunji magoti.

Kilichoniudhi zaidi ni hiki. Heulwen ana mume, na hakosi dada wala mchungaji. Kwa nini aje kwako, kocha wa wapinzani? Kwa sababu katika watu wote anaowajua ni wewe tu uliyewahi kuambiwa funga bandeji uingie. Alikuja kuomba msaada. Alikuuliza swali, wewe ukamimina chai.

Sasa sikiliza. Leo hii nenda kwa Heulwen, nenda kwa miguu yako, siyo simu. Mwambie ulichomfanyisha Mali, chote, na akikutukana, kaa utukanwe. Akimaliza, mpigieni Tesni pamoja. Usimpe amri, wewe si kocha wake tena. Mweleze tu kano yako ilivyolia ilipokatika, na siku zote ulizoshinda kitandani ukilia, halafu mwache aende mwenyewe kwa kocha wake. Kesho lile zoezi lifute, mwambie Mali ulikosea na usimweleze zaidi. Na Tesni akiamua kucheza, kiti cha kocha nyuma ya uwanja mpe Gethin. Wewe panda jukwaani, ukalie mikono yako kama haitulii, na Mali akishinda kwa nguvu zake piga kelele mpaka paa litikisike.

Huenda mkafungwa. Najua umesubiri ushindi huu tangu dari ya kanisa, na kuukosa kutauma, sikudanganyi. Ila nenda.

Anti Nest

*

Barua hizi tumezichapa gazetini baada ya mechi, bila kubadili majina, kwa ruhusa ya Kocha, ya Heulwen na ya Tesni, ambaye hakucheza.